Sura Tusizozisoma

Hotuba iliyotolewa Mbeya mbele ya wanafunzi wa uandishi wa habari, watangazaji wa redio za mikoani na wakutubi. Imeandikwa upya kwa ajili ya wasomaji.

Ndugu mwenyekiti, walimu wenzangu, wakutubi, waandishi mliotoka Iringa, Njombe, Songwe na hapa hapa Mbeya, na ninyi wanangu mnaosomea kazi hii: wakubwa zangu shikamooni, vijana hamjambo. Mliopanda basi alfajiri kutoka Mafinga na Makambako, kamwene, na poleni kwa baridi.

Nimeombwa nizungumzie vitabu vya kuripoti na kuandika habari. Nimeishi navyo muda mrefu, kwanza nikiwa mwandishi wa mkoani, kisha mezani kwa mhariri, na sasa darasani. Ninavipenda. Kwa kuwa ninavipenda nina neno moja la kuwaambia, nalitoa mapema ili hata atakayelazimika kuwahi gari aondoke nalo. Vitabu hivi tunavisoma nusu. Tunasoma sura za kuandika, tunaziruka sura za kuuliza na kuhakiki. Na habari mbovu nyingi zinazotoka mikoani kwetu haziharibikii kwenye uandishi. Zinakuwa zimeshaharibika kabla mwandishi hajaandika neno la kwanza.

Chukueni kitabu chochote cha fani hii kilichoazimwa sana kwenye maktaba ya chuo. Sura ya aya ya kwanza, ile tunayoiita intro, imepigiwa mistari kwa wino na kwa penseli, pembe za kurasa zimekunjwa, kuna namba ya simu ya mtu pembeni. Sogeeni mbele hadi sura ya vyanzo, ya takwimu, ya nyaraka, ya habari za mahakamani. Kurasa bado ni mpya. Naelewa inavyokuwa hivyo: mtihani unauliza piramidi iliyopinduliwa, na mhariri naye anataka stori kabla ya jioni. Kuelewa huko hakunifanyi nikubali.

Nianze na sura hiyo inayopendwa, maana nayo ina historia ambayo wengi hawaambiwi. Piramidi iliyopinduliwa, yaani kuweka jambo kubwa juu na madogo chini, mara nyingi huhusishwa na telegrafu ya Marekani katika karne ya 19. Kutuma maneno kulikuwa ghali na nyaya zilikatika, hivyo mwandishi alitanguliza kiini. Mfano unaotajwa sana ni wa usiku wa tarehe 14 Aprili 1865, Abraham Lincoln alipopigwa risasi katika ukumbi wa Ford's Theatre, Washington. Lawrence Gobright wa shirika la habari la Associated Press alituma taarifa fupi ya kwanza: Rais amepigwa risasi ukumbini usiku huu, na huenda jeraha ni la kufisha. Wanahistoria wanabishana kama telegrafu peke yake ndiyo iliyouzaa mtindo huu, kwa sababu magazeti mengi yaliendelea kusimulia habari kwa mfuatano wa matukio miaka mingi baada ya hapo. Mimi ubishi huo nauachia wenyewe. Ninachowaomba mkitazame katika taarifa ya Gobright ni kipimo chake. Rais kupigwa risasi lilikuwa jambo alilolijua, akalisema moja kwa moja. Kifo hakukijua bado, akakiacha kuwa uwezekano. Watu mjini walikuwa wamejaa hofu na uvumi, yeye akaandika kiasi kile tu alichokuwa nacho mkononi. Huo ni uandishi, ndiyo, lakini ulitokana na uhakiki.

Sasa twendeni mwaka 1894. Mmarekani Edwin Shuman alichapisha kimojawapo cha vitabu vya mwanzo kabisa vya kuwafundisha vijana kazi ya gazeti. Kuhusu aya ya kwanza alisema mambo ambayo mwalimu wa leo angeyasema vile vile: kiini kikae juu. Lakini humo humo akaeleza kwamba mwandishi anaweza kutumia ubunifu wake kwenye mambo madogo madogo ya habari, mradi yale ya msingi yawe kweli, na kwamba huo ulikuwa utaratibu unaokubalika katika ofisi za magazeti. Hebu fikirini. Kitabu cha fani, kimeandikwa na mtu aliyeijua kazi, kinamruhusu mwandishi atunge rangi ya gauni, machozi ya mama, mvua iliyonyesha.

Nawaeleza hili kwa sababu mbili. Ya kwanza, vitabu hivi viliandikwa na watu, na watu hukosea pamoja na zama zao. Kwa hiyo tuvisome tukiwa macho. Ya pili ni nzito zaidi. Ruhusa ile ndogo ya Shuman haikufa. Tarehe 28 Septemba 1980 gazeti la Washington Post lilichapisha makala ya Janet Cooke kuhusu mtoto wa miaka 8 aliyekuwa mtumwa wa heroini. Makala iliandikwa kwa ustadi mkubwa, na Aprili 1981 ikapata Pulitzer, tuzo kubwa ya uandishi wa habari huko Marekani. Ndani ya siku chache ikajulikana kwamba mtoto yule hakuwapo. Tuzo ikarudishwa. Aya ya kwanza ya makala ile ingepata alama zote katika darasa lolote la uandishi. Kilichokosekana ni mhariri mmoja wa kusisitiza: nipeleke nikamwone huyu mtoto.

Mwaka 2001 Bill Kovach na Tom Rosenstiel walitoa kitabu chao kuhusu misingi ya uandishi wa habari, nacho kinasema wazi kwamba kinachoitofautisha kazi hii na propaganda, burudani au utunzi ni nidhamu ya kuhakiki. Kitabu kinene cha Melvin Mencher, kilichotoka mara ya kwanza mwaka 1977 na kusomwa na vizazi vya wanafunzi, hata katika jina lake kinataja kuripoti kabla ya kuandika. Walimu wakubwa wameshasema. Wanafunzi wao ndio sisi, tunaofungulia kitabu katikati.

Niwaletee nyumbani. Tuseme lori limepoteza mwelekeo kwenye mteremko wa Iwambi, upande wa Mbalizi, limegonga magari mengine. Barabara hii ya kwenda Tunduma mnaijua, malori ya Zambia na Kongo usiku na mchana. Ndani ya nusu saa simu yako imejaa picha. Ndani ya saa moja mitandao inasema watu kadhaa wamekufa na chanzo ni lori kufeli breki. Wewe unaandika: "Watu kadhaa wamefariki dunia papo hapo baada ya lori kufeli breki." Sentensi imekaa vizuri, piramidi imepinduka sawasawa, mhariri anafurahi.

Nani aliyesema breki zilifeli? Dereva? Yuko hai? Kama amefariki, basi nani? Kama yuko hai, yeye ndiye mwenye sababu kubwa kuliko wote ya kusema hivyo, kwa sababu breki zikiwa na kosa yeye hana. Shuhuda aliye kando ya barabara ameona lori likishuka kwa kasi, breki hakuziona. Anayeweza kusema jambo hilo ni mkaguzi wa magari wa polisi baada ya kuchunguza lori lenyewe, na kazi hiyo haimalizwi ndani ya saa moja. Kwa hiyo siku ya kwanza unaandika kile kilichoonekana: lori lilishuka kwa kasi, likagonga gari fulani, likaishia mahali fulani. Sababu unaiacha wazi, na unamwambia msikilizaji kwamba polisi bado wanachunguza. Wiki ijayo unarudi kwa mkaguzi. Wangapi kati yetu hurudi?

Halafu idadi ya majeruhi na marehemu. Majeruhi wa upande ule hupelekwa Hospitali ya Ifisi pale Mbalizi, na walio na hali mbaya zaidi wanaweza kuhamishiwa Hospitali ya Rufaa ya Kanda mjini. Mwandishi mwenye haraka anapiga Ifisi, anapewa idadi. Anapiga Rufaa, anapewa idadi. Anajumlisha. Tayari aliyehamishwa amehesabiwa mara mbili, na akifariki Rufaa atahesabiwa marehemu huku Ifisi bado ni majeruhi. Namna ya kujiridhisha si ngumu: unauliza kila hospitali imewapokea wangapi moja kwa moja kutoka barabarani na wangapi kwa rufaa, na kila idadi unaiandikia saa. "Hadi saa 12 jioni" ni maneno machache, lakini yanamlinda msikilizaji na yanakulinda wewe idadi itakapobadilika.

Majina ndiyo kabisa. Kuna mama Tukuyu anasikiliza redio huku anamenya viazi. Asilisikie jina la mwanawe kwako kabla ndugu hawajafika kumwambia. Vitabu vyote vizuri vinalo hili, na kwa mila zetu wala hatukuhitaji kitabu kutufundisha; msiba hupelekwa na mtu, kwa utaratibu, mwenye kupewa habari akiwa amekalishwa chini. Bado naona majina na picha za marehemu vikirushwa kabla miili haijatolewa kwenye mabati. Linaniuma kila mara.

Na swali la mwisho kuhusu mteremko ule, ambalo ndilo linalotenganisha stori ya siku moja na kazi ya kweli: mara ya mwisho ajali ilipotokea hapa, viongozi waliofika waliahidi nini, na kimefanyika? Hilo halipatikani eneo la tukio. Linapatikana kwenye mafaili yako ya zamani, kama umeyatunza.

Sasa nizungumzie intro yetu ya nyumbani, ambayo haimo kwenye kitabu chochote cha Marekani wala Uingereza: "Wananchi wametakiwa." Wananchi wa Mkoa wa Mbeya wametakiwa kudumisha usafi. Wakulima wa Njombe wametakiwa kulima kisasa. Wazazi wa Iringa wametakiwa kupeleka watoto shule. Fungueni gazeti lolote, sikilizeni taarifa ya habari yoyote, mtaikuta. Nimeihariri mara nyingi kuliko ninavyoweza kukumbuka.

Intro hiyo haikutokana na uvivu wa kuandika. Imetokana na mwandishi kuwa na chanzo kimoja, naye ni kiongozi aliyekuwa na kipaza sauti. Mwandishi amekwenda ukumbini, ameketi meza ya waandishi wa habari, amesikiliza hotuba, ameondoka. Stori yenye chanzo kimoja ni kigoda cha mguu mmoja. Kinasimama tu kwa muda ambao mwenye hotuba amekishikilia. Kama kiongozi amewataka wauzaji wa soko la Mwanjelwa wadumishe usafi, basi tokeni ukumbini mwende Mwanjelwa. Taka zinazolewa mara ngapi kwa wiki? Ushuru unaolipwa kila siku ni kiasi gani, na sehemu gani ya bajeti ya Jiji imetengwa kwa usafi? Vyoo ni vingapi, na funguo anazo nani? Mkirudi na majibu hayo, aya ya kwanza itajiandika yenyewe na haitaanza na "wametakiwa".

Mtaniambia ofisi hazitoi takwimu. Ni kweli mara nyingi, nami nimekaa kwenye mabenchi hayo. Lakini tuna Sheria ya Haki ya Kupata Taarifa ya mwaka 2016, inayomtaka mwenye taarifa ajibu ombi ndani ya siku 30. Ombi liandikwe, ubaki na nakala yenye muhuri wa mapokezi. Siku 30 hazikusaidii kwa stori ya leo. Zinakusaidia kwa ile ya mwezi ujao, na mwandishi anayetuma maombi mawili kila mwezi atakuwa na kitu cha kuandika mwaka mzima. Ripoti za Mdhibiti na Mkaguzi Mkuu wa Hesabu za Serikali ndizo rahisi zaidi. Hutoka kila mwaka, ziko mtandaoni, na ile ya serikali za mitaa inazungumzia halmashauri zetu kwa majina. Itafute Rungwe, Kyela, Chunya, Mbarali, Mufindi, Makete. Sura ya nyaraka katika vitabu vile, ambayo kurasa zake bado mpya, inafundisha namna ya kusoma ripoti ya aina hiyo: kuanzia kwenye majedwali na viambatisho, kulinganisha mwaka huu na uliopita, kisha kumpa mkurugenzi nafasi ya kujibu kabla hujachapisha.

Kuhusu takwimu, ngoja nikae kidogo, maana hapa ndipo penye hatari ya kusema uongo kwa namba sahihi. Sensa ya 2012 ilionyesha Mkoa wa Mbeya una watu 2,707,410. Sensa ya 2022 ikaonyesha 2,343,754. Namba zote mbili ni rasmi. Mwandishi akiziweka pamoja anapata kichwa cha habari kikubwa: watu wa Mbeya wapungua kwa zaidi ya 360,000 ndani ya miaka 10! Anaweza hata kutafuta mtaalamu wa kueleza sababu za kuhama. Kumbe mwaka 2016 Mkoa wa Songwe ulizaliwa kutoka Mbeya, ukaondoka na Mbozi, Momba, Ileje na Tunduma. Ukiirudisha Songwe, yenye watu 1,344,687 kwa sensa ile ya 2022, eneo lile lile lina watu karibu milioni 3.7. Limeongezeka kwa karibu watu milioni moja. Njombe nayo ilitoka Iringa mwaka 2012, kwa hiyo anayelinganisha takwimu za Iringa za zamani na za sasa, iwe mavuno ya mahindi au maambukizi ya VVU, ajiulize kwanza: mipaka ni ile ile?

Na bei ya viazi. Redio zetu husema gunia la viazi Uyole ni shilingi fulani, Makambako shilingi fulani. Gunia la kilo ngapi? Mnaijua lumbesa. Mkulima wa Isyonje au Makete anajaziwa gunia hadi linaota kichwa kilichoshonewa kamba juu, na analipwa bei ya gunia moja. Wakala wa Vipimo umekuwa ukiipiga vita kwa miaka. Mtangazaji anaposema bei imepanda wakati gunia nalo limenenepa, amemwambia mkulima kwamba anapata zaidi ilhali anapata pungufu. Tangazeni bei kwa kilo. Kama mnunuzi hana mizani, hiyo nayo ni habari, tena kubwa.

Sura ya mahojiano niipitie upesi, isipokuwa jambo moja ambalo vitabu vya nje havilijui. Vinakufundisha kuuliza swali fupi, lililo wazi, kisha unyamaze. Ni ushauri mzuri. Lakini mzee wa Rungwe au wa Kilolo hajibu swali la mtu aliyesimama. Unaamkia, unakaa, unaulizwa umetokea kwa nani, unajibu. Huko si kupoteza muda, ndiyo mahojiano yenyewe yameanza. Na lugha. Mwandishi asiyejua Kisafwa wala Kihehe akifika kijijini hupewa mkalimani, na mara nyingi mkalimani huyo ni mwenyekiti wa kijiji au mtendaji. Bibi anaulizwa kuhusu mgogoro wa ardhi mbele ya mtu aliyegawa ardhi ile. Atasema nini? Mwandishi anarudi mjini akiamini amesikia sauti ya mwananchi. Tafuteni mkalimani asiye na cheo: mwalimu, muuza duka, kijana wa bodaboda aliyewaleta. Na wanangu mnaozijua lugha za nyumbani, msizionee haya, zinaingia kwenye kazi hii.

Sasa niseme jambo ambalo waandishi huzungumza kwenye vibanda vya chai na hawalizungumzi ukumbini. Waandishi wengi wa mikoani hulipwa kwa stori iliyotoka. Nauli ni yake, vocha ni yake. Akienda Chunya siku mbili kuchunguza jambo na stori isitoke, amekula hasara. Akienda kwenye semina anapata chakula cha mchana na bahasha. Msitarajie sura ya kuhakiki isomwe na mtu ambaye kuhakiki kunamtia njaa. Wamiliki na wahariri mlioko hapa, nawaomba kwa heshima: lipieni nauli ya uchunguzi hata pale stori isipotoka, kwa sababu stori iliyozuiwa baada ya kuhakikiwa ni kazi iliyofanywa vizuri. Na ninyi vijana, bahasha ikishaingia mfukoni, maswali mnayoyajua hamtayauliza tena. Makanjanja hawaharibu jina la fani kwa kukosa cheti peke yake. Sheria ya Huduma za Habari ya 2016 imeweka ithibati na masharti ya elimu, sawa, lakini mtu anaweza kuwa na diploma na kitambulisho na bado akawa msemaji wa aliyemlipa.

Na kuna sura ambayo katika vitabu vingi vya zamani haimo kabisa, nayo ni usalama wa mwandishi. Katika nyanda hizi hatuwezi kuizungumzia bila kumtaja Daudi Mwangosi. Alikuwa mwandishi wa televisheni ya Channel Ten na mwenyekiti wa Klabu ya Waandishi wa Habari ya Iringa. Tarehe 2 Septemba 2012 aliuawa akiwa kazini katika kijiji cha Nyololo, Mufindi, siku polisi walipokuwa wakiwatawanya wafuasi wa chama cha siasa. Mwaka 2016 Mahakama Kuu ilimhukumu askari polisi mmoja miaka 15 jela kwa kuua bila kukusudia. Picha zilizopigwa na wanahabari waliokuwapo zilichapishwa, nchi ikaona. Muungano wa Klabu za Waandishi wa Habari Tanzania umeanzisha tuzo yenye jina lake, na ni vyema. Lakini tuzo hutolewa siku moja, na waandishi wako barabarani kila siku. Kila redio iliyoko hapa iwe na utaratibu ulioandikwa: hakuna anayekwenda peke yake kwenye mkusanyiko wenye dalili za vurugu, mhariri anajua uko wapi na unarudi saa ngapi, unajua njia ya kutokea kabla hujatoa kamera, na simu ina chaji. Mambo hayo hayana gharama kubwa. Mwenzetu huyu alikuwa na familia.

Nimalizie kwa jambo ninalotaka tulifanye. Vitabu nilivyovitaja vyote viko kwa Kiingereza, na mifano yake ni ya halmashauri za miji ya Marekani, kikosi cha zimamoto cha huko, mahakama za huko. Mwanafunzi wetu anasoma kwa lugha moja, anahoji kwa nyingine, anaandika kwa ya tatu. Si kwamba Kiswahili hakijazoea kazi hii. Wamisionari wa Kianglikana wa UMCA walichapa gazeti la Msimulizi kule Unguja mwaka 1888. Mambo Leo lilianza 1923 na wasomaji wa kila pembe ya Tanganyika wakaliandikia barua na mashairi. Mwaka 1937 Erica Fiah alianzisha Kwetu, gazeti la Mwafrika, kwa fedha za kuungaunga. Na tangu mwaka 2021 sheria yetu imekifanya Kiswahili kuwa lugha ya sheria na mahakama. Kama hakimu anaweza kuandika hukumu kwa Kiswahili, sisi tunaweza kuandika namna ya kuripoti hukumu hiyo.

Sipendekezi tuanze na kitabu kinene. Chuo Kikuu cha Missouri kilipofungua skuli yake ya uandishi wa habari mwaka 1908, wanafunzi walitoa gazeti la kweli kwa ajili ya mji tangu mwanzo, wakajifunza humo. Nasi tuanze na kazi zetu wenyewe. Kila mwandishi achague stori yake moja aliyoifuatilia kwa bidii, aiweke kwenye faili pamoja na maelezo ya kurasa tatu au nne: alisikiaje habari hiyo, alimuuliza nani kwanza, nani alikataa kusema, nyaraka gani alizipata na alizipataje, namba gani zilipingana na akaamua vipi, nini alikiondoa kwa sababu hakuweza kukithibitisha. Majina ya vyanzo walioomba siri yafutwe kabisa. Iandikwe kwa Kiswahili, kwa namna ambayo mwanafunzi wa mwaka wa kwanza anaweza kuifuata hatua kwa hatua na kuijaribu kwenye kata yake.

Tutahitaji faili la ajali ya barabarani, la baraza la madiwani, la mgogoro wa wafugaji na wakulima kule Mbarali, la bei za mazao, la mirathi na ardhi, la wafanyakazi wa mashamba ya chai Mufindi na Rungwe, la uchimbaji wa dhahabu Chunya. Yakifika 20 tutawaomba walimu wa Kiswahili wayapitie na mwanasheria ayakague, kisha tuzungumze na mchapishaji. Kwa wakati huu nimezungumza na mkutubi, naye yuko tayari kutenga rafu. Faili lisomwe humo humo maktaba au lipigwe nakala. Lisiazimwe, maana ni moja tu.

Nimekuja na mawili ya kuanzia, moja la bei ya viazi na jingine la namna ya kusoma ripoti ya ukaguzi ya halmashauri. Yako kwenye meza iliyo karibu na mlango, pamoja na karatasi ya kuandika jina, kituo chako cha kazi na stori unayotaka kuileta. Asanteni sana kwa kunisikiliza. Mwenyekiti, niko tayari kwa maswali.